UZI: Vifereji vyembamba kuliko unywele, na jinsi vinavyotuwezesha kuihoji seli ya neva kipande kwa kipande

#1 Mtunza Seli

Wakuu, salaam.

Kila nikisoma mijadala ya magonjwa ya ubongo humu, naona tunaizungumzia seli ya neva kana kwamba ni kidoa: iko hai au imekufa, basi. Seli ya neva si kidoa. Mwili wake una upana wa mikromita 10 hadi 20 (mikromita ni sehemu moja ya elfu ya milimita), lakini aksoni, ule mkia unaopeleka taarifa, inaweza kutoka uti wa mgongo ikafika kidole cha mguu, karibu mita nzima, huku unene wake ukiwa kama mikromita moja. Ukiukuza mwili wa seli hiyo ulingane na mpira wa miguu, aksoni itakuwa na unene wa kidole na urefu wa kilomita 11. Kitu cha namna hiyo kinaweza kuugua ncha huku mwili ukiwa mzima, au kikaugua mwili na ncha isijue kwa siku kadhaa.

Kwenye sahani ya kawaida ya maabara huwezi kuyaona hayo. Unapanda seli, baada ya wiki moja zimesokotana kama nywele zisizochanwa. Ukimwaga dawa inagusa kila kitu kwa mara moja. Seli ikifa, hujui ilipigwa wapi.

Mtu aliyenifanya niipende kazi hii ni Robert Campenot. Mwaka 1977 alichukua sahani yenye kolajeni, akaichora mistari sambamba kwa pini, akaweka juu yake kizuizi cha Teflon kilichopakwa grisi chini. Seli za neva akaziweka chumba cha kati. Aksoni zilifuata mistari, zikapenya chini ya grisi, zikatokea vyumba vya pembeni. Kisha akacheza na NGF, ile protini ya kukuza neva iliyowapa Rita Levi-Montalcini na Stanley Cohen tuzo ya Nobel mwaka 1986. Aksoni ziliingia vyumba vyenye NGF tu. Alipoiondoa kwenye chumba cha pembeni, aksoni za chumba kile zilinyauka, ingawa miili yake kule katikati ilikuwa bado inapata NGF ya kutosha. Yaani ncha ina mahitaji yake yenyewe, na kushiba kwa mwili hakuiokoi. Nimeyasoma matokeo haya mara nyingi na bado yananisisimua.

Tatizo la chemba ya Campenot lilikuwa mkono. Grisi ikizidi, aksoni hazipiti. Ikipungua, maji yanavuja. Hapo ndipo maikrofluidiki ilipoingia, maana yake ufundi wa kupitisha vimiminika kwenye njia za vipimo vya mikromita. Kundi la George Whitesides kule Harvard lilikuwa limeshaonyesha katika miaka ya 1990 namna ya kutengeneza vifereji hivi kwa haraka kwenye mpira laini angavu uitwao PDMS. Mwaka 2005 Anne Taylor, Noo Li Jeon na wenzao wakachapisha chipu ya vyumba viwili vilivyounganishwa na vifereji vingi sambamba, kila kimoja upana mikromita 10, kimo mikromita 3, urefu mikromita 450. Unywele wa binadamu una unene wa mikromita 70 hivi, kwa hiyo pima mwenyewe.

Kimo hicho cha mikromita 3 ndicho mlinzi wa mlango. Mwili wa seli haupiti. Aksoni inapita. Dendraiti, yaani matawi mafupi yanayopokea taarifa, yanaweza kuingia lakini mengi yanaishia njiani. Kinachotokea upande wa pili ni aksoni tupu. Kwa mara ya kwanza unaweza kuzikusanya aksoni za gamba la ubongo peke yake, ukazivunja, ukauliza ndani yake kuna RNA gani (nakala za maagizo ya jeni) na protini gani, bila uchafu wa miili ya seli.

Utengenezaji wenyewe nitaupitia haraka. Unamwaga utomvu unaogandishwa na mwanga kwenye bamba la silikoni, unaumulika kwa urujuanimno kupitia kinyago chenye michoro yako, unaosha, mchoro unabaki umesimama kama matuta madogo. Hiyo ndiyo kalibu. PDMS inachanganywa na kigumishi chake, kwa kawaida sehemu 10 kwa 1, inatolewa mapovu kwa pampu ya ombwe, inamwagwa juu ya kalibu na kuokwa. Ikiwa ngumu unaibandua, unatoboa visima, unaibandika kwenye kioo. Kalibu moja inatoa chipu nyingi sana.

Kupanda seli ndiko ningependa mkuone. Kioo kimepakwa polilisini tangu jana ili seli zishike. Unashika pipeti, unaweka tone la seli kwenye mdomo wa chumba, na kupitia hadubini unaziona zikiingia kwa mkumbo, duara, zinameta, kama shanga zinazobiringika kwenye mfereji. Zinapunguza mwendo. Zinatulia. Baadhi zinasukumwa mpaka kwenye midomo ya vifereji na kukwama hapohapo, na hizo ndizo unazozitaka, kwa sababu ziko karibu na mlango. Baada ya siku tatu nne unaanza kuona ncha za kwanza upande wa pili, kila moja ina kiganja chenye vidole vinavyopapasa huku na huku.

Nitaendelea kwenye maswali.

#2 Kalamu Nyekundu

Mkuu umeshusha madini, nimekaa mbele kabisa. Ila kuna kitu hakijaniingia. Vyumba vyote viwili vina maji, na vifereji viko wazi. Dawa ukiiweka upande wa aksoni si itavuka tu? Aksoni hazijaziba njia.

#3 Mtunza Seli

Swali lako ndilo moyo wa jambo lenyewe, na wengi wanaotumia chipu hizi hawajiulizi.

Ni kweli, ukiiacha itavuka. Chukua protini ndogo inayosambaa kwenye maji kwa kasi ya takriban mikromita 100 za mraba kwa sekunde. Kuvuka mikromita 10 inahitaji nusu sekunde. Kuvuka milimita moja inahitaji sekunde 5000, karibu saa moja na nusu, kwa sababu muda unakua kwa mraba wa umbali. Kifereji chetu cha mikromita 450 kitavukwa ndani ya dakika 17 hivi. Jaribio la saa 24 litakuwa limeharibika kabla hujarudi mezani.

Kinachookoa ni urefu wa maji. Kisima cha kipenyo cha milimita 8 ukikiongezea mikrolita 50, maji yanapanda milimita 1. Ukifanya hivyo upande wa miili ya seli, unapata msukumo wa paskali 10 hivi kuelekea upande wa aksoni. Ni msukumo mdogo mno, lakini nimepiga hesabu kwa vipimo vile vya 2005: maji yanatembea ndani ya kifereji kama mikromita 17 kwa sekunde, yaani yanakimaliza kifereji kwa nusu dakika. Dawa inayotaka kurudi inaogelea dhidi ya mto. Inashindwa.

Na mto huo hauishi haraka. Vifereji 150 kwa pamoja vinapitisha takriban mikrolita 0.3 kwa saa, kwa hiyo tofauti ya mikrolita 50 inadumu zaidi ya siku bila pampu yoyote. Sababu ni kwamba kwenye kifereji bapa ukinzani unategemea kimo kwa kipeo cha tatu: punguza kimo nusu, ukinzani unakuwa mara nane. Kwa vipimo hivi mnato wa maji ndio unaotawala na kasi yake haina nguvu ya kuzua msukosuko. Mikondo miwili ikikutana inatembea bega kwa bega, inachanganyika kwa kusambaa tu.

Na hapo nina la kukiri. Majaribio yangu ya mwanzo niliweka kiwango sawa pande zote, kwa sababu niliona ni vizuri kuwe na usawa. Nilipata matokeo mazuri, nikafurahi wiki nzima. Kumbe dawa ilikuwa inavuka. Niligundua siku nilipoweka rangi inayong'aa upande wa aksoni na kuikuta asubuhi imejaa upande wa miili. Ilibidi nitupe kazi ya miezi miwili.

Angalizo: ulinzi huu ni wa upande mmoja. Dawa ukiiweka upande wa miili, basi miinuko ya maji igeuze.

#4 Muuguzi wa Zamu

Asante kwa uzi huu, nimeusoma taratibu. Mimi nauguza wagonjwa wa saratani. Wakianza vincristine, au paclitaxel, wengi wanaanza kulalamika ganzi na vichomi, mwanzo vidole vya miguu, kisha nyayo, kisha vidole vya mikono. Kama wamevaa soksi na glavu wasizoweza kuzivua. Wengine tunalazimika kupunguza dozi. Chipu hizi zina la kusema hapo?

#5 Mtunza Seli

Dada, zina mengi ya kusema, na swali lako limenigusa.

Vincristine na paclitaxel zote zinashika mikrotubuli, zile reli za ndani ya aksoni ambazo mizigo inapitia. Moja inazuia reli zisijengwe, nyingine inazigandisha zisibadilike. Ndani ya seli ya saratani hilo linazuia seli isigawanyike. Seli ya neva haigawanyiki, lakini inategemea reli hizohizo kwa kila kitu. Mzigo wa haraka kabisa unasafiri hadi milimita 400 kwa siku, kwa hiyo kutoka uti wa mgongo hadi kidole cha mguu ni siku mbili na nusu hata mambo yakiwa mazuri. Ndiyo maana soksi zinatangulia glavu: neva ndefu ndizo zinazoumia kwanza.

Swali lilikuwa, sumu inaingilia wapi? Kwenye vyumba vilivyotengwa, vincristine ikiwekwa upande wa aksoni peke yake, aksoni zinaharibika, wakati miili yake inabaki. Ikiwekwa upande wa miili peke yake, aksoni zinastahimili zaidi. Hilo linahamisha macho yetu. Kinga tunayoitafuta lazima ifike kwenye aksoni yenyewe, kule pembeni.

Na aksoni haifi kwa kukosa chakula tu. Augustus Waller aliona mwaka 1850 kwamba neva ikikatwa, kipande kilichotengana na mwili kinasambaratika. Kwa muda mrefu ilidhaniwa kinakufa kwa njaa. Mwaka 2012 ikaonekana kwamba aksoni zisizo na protini iitwayo SARM1 zinadumu muda mrefu sana baada ya kukatwa. Maana yake ndani ya aksoni kuna mtambo wa kujiangamiza, na mtambo unaweza kuzimwa. Panya wasio na SARM1 wamekingwa dhidi ya uharibifu wa neva unaoletwa na vincristine. Kwenye chipu unaweza kukata aksoni zote kwa kunyonya kwa ghafla maji ya chumba cha pili, miili haiguswi, halafu ukatazama saa kwa saa mtambo huo ukiwaka.

Sijui ni lini mgonjwa wako atapata kidonge kinachotokana na haya. Ila wagonjwa wako ndio sababu ya watu kukaa usiku wakihesabu vipande vya aksoni.

#6 Msomaji Kimya

Nina shaka, na naomba nisieleweke vibaya. Ubongo una seli za neva zipatazo bilioni 86, una mishipa ya damu, una seli saidizi, una kinga. Nyinyi mna seli elfu kadhaa za kijusi cha panya kwenye kipande cha mpira. Mnachokiona kinahusiana vipi na mzee mwenye Alzheimer?

#7 Mtunza Seli

Shaka yako ni halali na mimi ninayo pia. Seli ya siku ya 18 ya ujauzito wa panya haijaishi miaka 70. Kuikomaza kwa wiki mbili hakuifanyi iwe mzee. Hata seli za binadamu zinazotokana na ufundi wa Shinya Yamanaka, wa kurudisha seli ya ngozi kwenye hali ya mwanzo, zinaporudishwa zinafuta dalili nyingi za umri wa mwenyewe.

PDMS nayo ina kasoro ambayo haisemwi vya kutosha. Inapitisha oksijeni, na hilo ni jema, lakini inafyonza molekuli ndogo zinazochukia maji, na dawa nyingi za ubongo ni za aina hiyo. Unaandika kwenye daftari kwamba umeweka kiasi fulani, kumbe kuta zimekunywa sehemu yake. Ukiona ripoti inayosema dawa haikufanya kazi kwenye chipu, uliza kama walipima kilichobaki kwenye maji.

Lakini nakataa neno moja kwenye hoja yako. Chipu hii haidai kuwa ubongo. Inachukua swali moja ambalo ndani ya ubongo haliwezi kutenganishwa na mengine, inalitenganisha. Mfano mzuri ni Parkinson. Wataalamu wa maiti waliona mabonge ya protini iitwayo alfa-sinuklini yakionekana maeneo ya ubongo kwa mpangilio, kana kwamba yanasafiri. Je, yanasafiri kweli, au kila eneo linaugua kivyake? Ndani ya kichwa cha mtu huwezi kujibu. Mwaka 2011 watafiti waliweka nyuzinyuzi za alfa-sinuklini upande wa aksoni tu, na baadaye mabonge yakaonekana kwenye miili ya seli ambayo haikuguswa na nyuzi hizo. Zilipanda ndani ya aksoni. Hilo halisemi Parkinson inaanzaje, ila linasema njia ipo na inapitika.

Kuhusu mishipa na seli saidizi, sasa zipo chipu zenye seli za ukuta wa mshipa upande mmoja wa utando wenye matundu, na astrositi, aina mojawapo ya seli saidizi, upande wa pili, huku maji yakipita juu ya seli za mshipa. Msuguano wa maji yanayopita unazifanya seli hizo zishikane kwa nguvu zaidi kuliko zikikaa kwenye maji yaliyotulia, na hivyo kuziba njia kama zinavyofanya kwenye ubongo.

#8 Mtunza Seli

Naongeza kitu nilichokisahau, kwa sababu nisingependa mdhani chipu ni za seli zilizotolewa mwilini tu.

Yuko mnyoo aitwaye C. elegans. Urefu milimita moja, mwili angavu kama kioo, ana neva 302, na ramani ya jinsi neva hizo zinavyoungana ilichapishwa mwaka 1986. Mwaka 2007 Nikos Chronis, Manuel Zimmer na Cornelia Bargmann walionyesha chipu ambayo mnyoo anaingizwa kwenye kifereji kinachomtosha kama ala inavyotosha upanga, pua imechomoza mbele. Mbele ya pua yanapita maji, na kwa kubadilisha msukumo wa mikondo ya pembeni unaweza kumletea harufu na kumwondolea ndani ya muda mfupi kuliko sekunde. Seli zake za neva zimewekewa protini inayong'aa kalsiamu ikiingia. Kwa hiyo unamnusisha na unaitazama neva ikijibu, mnyoo akiwa hai.

Na jibu lenyewe lilikuwa la ajabu. Ile neva ya kunusa iitwayo AWC inatulia harufu ikiwepo, na inawaka harufu *inapoondolewa*. Mnyoo anatangaziwa anachokipoteza. Ukiifikiria, ni busara kwa kiumbe anayefuata chakula kwa kunusa: habari ya haraka ni kwamba ameiacha njia.

#9 Fundi Umeme

Swali la upande wangu. Ishara ya aksoni nje ya seli ni ndogo sana, mnaipimaje bila kuzama kwenye kelele?

#10 Mtunza Seli

Kifereji kinasaidia hapo pia, fundi. Aksoni ikiwa kwenye sahani wazi, mkondo wake unapotea kwenye bahari ya maji ya chumvi ambayo ukinzani wake ni mdogo. Ikiwa ndani ya kifereji chembamba, mkondo uleule unapita kwenye njia yenye ukinzani mkubwa, kwa hiyo volti inapanda, kwa kanuni ya Ohm unayoijua. Ukiweka elektrodi mbili chini ya kifereji kimoja unajua pia mwelekeo na kasi, kwa kuangalia ipi imepigwa kwanza.

Mwelekeo unaweza hata kuulazimisha. Mwaka 2011 Jean-Michel Peyrin na wenzake walitengeneza vifereji vyenye umbo la faneli, mikromita 15 upande mmoja na 3 upande wa pili. Aksoni zinaingia kwa urahisi kwenye mdomo mpana, na ni chache zinazopata mlango mwembamba kutoka ng'ambo. Wao wenyewe waliziita diodi za aksoni, na wewe fundi unajua diodi inapitisha umeme upande mmoja tu.

#11 Kalamu Nyekundu

Mkuu, la mwisho. Kuna mdogo wangu anaanza shahada ya pili na amepewa chipu hizi. Aanzie wapi? Anataka kupanda seli wiki hii.

#12 Mtunza Seli

Asipande seli wiki hii. Aanze na maji na rangi.

Achukue chipu tatu. Ajaze chumba kimoja kwanza, asubiri aone maji yakipenya vifereji hadi mwisho, ndipo ajaze cha pili. Akijaza vyote kwa pamoja hewa itanaswa katikati, na povu moja kwenye mdomo wa kifereji linatosha kukifunga. Vifereji vikigoma kulowa, chipu aipitishe kwenye plazma ya oksijeni (gesi iliyochajiwa kwa umeme) na kuijaza mara moja, kwa sababu PDMS inarudia hali yake ya kuchukia maji baada ya muda.

Kisha aweke rangi inayong'aa upande wa aksoni, mikrolita 50 zaidi upande wa pili, afunike, aweke sahani ya maji kando ndani ya kabati la joto ili visima visikauke, maana visima hivi vidogo vinakauka haraka na vikikauka ule mwinuko alioupanga unabadilika bila yeye kujua. Apige picha baada ya saa 1, saa 6 na saa 24, kwa mwanga uleule na muda uleule wa kamera.

Rangi ikionekana upande wa miili kwenye chipu mojawapo, atafute kama ni mpira haukushika kioo au ni kiwango cha maji. Avitazame vifereji kimoja kimoja. Uvujaji chini ya mpira unaonekana kama wingu kati ya kifereji na kifereji, wakati kosa la kiwango linaonekana kama mistari iliyonyooka ndani ya vifereji vyenyewe. Akizipata chipu tatu zilizobaki giza upande wa miili kwa saa 24, aandike vipimo vyote alivyotumia kwenye ukurasa wa kwanza wa daftari, halafu ndipo aagize seli.